Barafu Katika Juisi ya Sikukuu

Desemba ikikaribia kila jumuiya huanza kuhesabu vikombe. Nani ataleta mchele, nani atatoa mbuzi, na akina mama gani watashika juisi. Siku hizi umeme wa REA umefika katika vijiji vingi, na nyumba yenye friza haikosekani, kwa hiyo juisi ya uvuguvugu haitakiwi tena. Watu wanataka juisi baridi, hasa ile iliyoganda nusu, ya kula kwa kijiko na kunywa kwa wakati mmoja: nanasi, embe na pasheni vimechanganywa, vikagandishwa, vikapondwa na kumiminwa katika ndoo kubwa. Ni kitu kizuri, na watoto hukikumbuka hata Pasaka. Sisi wauguzi hatuandiki ili kuwanyima watu juisi hiyo. Tunaandika kwa sababu ya barafu.

Maoni yetu tunayasema mapema. Barafu ya kununua isiingie kamwe ndani ya juisi. Kama tunataka juisi ya baridi, tugandishe juisi yenyewe, iliyotengenezwa kwa maji yaliyochemshwa, na barafu ya kununua ibaki nje ya ndoo.

Tumefika kwenye maoni haya kwa kukosea wenyewe. Miaka kadhaa iliyopita sisi wafanyakazi wa wodi tulifanya sherehe yetu ya Noeli pamoja na familia zetu. Juisi ilitengenezwa kwa usafi wote: maji yalichemshwa, matunda yalioshwa, ndoo ilisuguliwa. Ilipofika saa saba mchana jua lilikuwa kali na juisi imepata joto. Kijana mmoja akapewa baiskeli aende mwaloni kutafuta barafu. Akarudi na bonge kubwa lililofungwa katika gunia na pumba za mpunga. Tukalimwagia maji kwa juu, tukalipasua kwa mchi, tukatia katika ndoo, na kila mtu akafurahi. Hakuna hata mmoja wetu aliyeuliza barafu ile ilitengenezwa kwa maji gani. Ilikuwa barafu ya kuhifadhia sangara. Aliyeitengeneza hakuwa na kosa, kwa kuwa hakuitengeneza inywewe na watu.

Kesho yake jioni mmoja wetu alianza kuharisha na kutapika. Kufikia tarehe 27 tulikuwa wagonjwa 9, na watoto wawili wa wafanyakazi wenzetu walilazwa na kuwekewa dripu katika wodi ile ile tunayofanyia kazi. Barafu ilikwisha kuyeyuka na kunywewa, kwa hiyo haikuwezekana kuipima. Lakini tulipokaa na kuulizana, tuliona kwamba wote waliokula wali na nyama lakini wakanywa soda peke yake walikuwa wazima. Waliougua wote walikunywa juisi. Wiki ile ile mmoja wetu alikuwa ametoka kuwafundisha akina mama wa kliniki juu ya kuchemsha maji ya kunywa. Mpaka leo tukikumbushwa jambo hilo tunaona haya.

Kosa letu lilitokana na wazo ambalo wengi wanalo, kwamba baridi kali huua vijidudu. Moto huua vijidudu, lakini baridi huvilaza tu. Baadhi hufa, wengi hubaki, na barafu ikiyeyuka ndani ya juisi tamu yenye uvuguvugu huamka na kuongezeka. Ndiyo maana hata hospitalini, vijidudu ambavyo wataalamu wa maabara wanataka kuvitunza kwa uchunguzi huwekwa kwenye baridi kali.

Habari za jambo hili ni za zamani. Mwaka 1906, katika nyumba moja ya mapumziko huko Oyster Bay, karibu na jiji la New York, watu 6 kati ya 11 waliokuwa wakiishi humo walishikwa na homa ya matumbo. Mchunguzi aliyeitwa George Soper alipofuatilia aligundua kwamba majuma machache kabla ya ugonjwa nyumba ile iliajiri mpishi mpya, Mary Mallon, mhamiaji kutoka Ireland. Mwanamke huyu alikuwa mzima kabisa, mwenye nguvu, na alikataa katakata kwamba ana ugonjwa. Kumbe alibeba vijidudu vya homa ya matumbo mwilini bila yeye mwenyewe kuumwa. Soper alijiuliza: vyakula vingi vya mpishi hupita motoni, na moto huua vijidudu, sasa ugonjwa umepitia wapi? Jibu aliloliona ni aiskrimu. Mary alisifika kwa aiskrimu yake iliyotiwa vipande vya matunda mabichi ya pichi, akavigandisha humo. Mikono yake iligusa matunda, na baada ya hapo hapakuwa na moto tena. Palikuwa na barafu tu.

Tuitazame vizuri juisi yetu ya sikukuu. Haipiti motoni. Inamenywa kwa mikono, inakamuliwa kwa mikono, inachujwa kwa chujio lililoshikwa na watu watano, kisha inagandishwa. Ni aiskrimu ile ile ya Mary Mallon.

Na mwaka 1991, katika jimbo la Maryland huko Marekani, watu waliokula pamoja kwenye mkusanyiko walipata kipindupindu kutokana na tui la nazi lililogandishwa. Tui hilo lilikuwa limesafirishwa kutoka Thailand, bara hadi bara, likiwa barafu, na vijidudu vya kipindupindu vikafika salama. Bonge la barafu linalotoka mwaloni hadi kwenye viwanja vya parokia lina safari fupi zaidi.

Tukisema haya kwenye mikutano ya jumuiya hujibiwa mambo matatu. La kwanza ni ndimu: tukitia ndimu nyingi, uchachu utaua vijidudu. Ni kweli kijidudu cha kipindupindu hakipendi uchachu. Lakini ndimu sita ndani ya ndoo ya lita 10, pamoja na sukari na maji na barafu inayoendelea kuyeyuka, si kitu cha kukabidhi maisha ya mtoto. La pili huletwa na akina baba, kwamba wakiongeza pombe kali kidogo katika ndoo yao juisi itakuwa dawa. Hapana. Kiasi cha pombe kinachovumilika katika kikombe hakisafishi maji machafu, na ndoo mbili zinazofanana mahali penye watoto ni hatari nyingine kabisa.

La tatu ni mkaa, na hili tunaliheshimu. Mkaa ni ghali. Mama mwenye watoto sita hawezi kuchemsha ndoo mbili za maji kwa ajili ya juisi huku wali bado unasubiri jiko. Ila tumegundua kwamba wengi huchemsha muda mrefu kuliko inavyohitajika, nusu saa nzima, kwa sababu hakuna aliyewaambia kipimo. Maji yakishatokota kwa mapovu makubwa kwa dakika moja yanatosha. Wanaoishi juu sana milimani wachemshe kwa dakika tatu. Baada ya hapo ipua, funika, okoa mkaa wako. Na asiyeweza hata hivyo atumie dawa ya klorini ya kutibu maji ya kunywa, kwa kipimo kilichoandikwa kwenye chupa au kidonge, na asubiri nusu saa kabla ya kutumia.

Sasa tueleze tunavyofanya sisi tangu mwaka ule. Kwa vikombe 40 hivi tunatafuta mananasi 4, maembe dodo 6 makubwa yaliyoiva, pasheni kilo 1, ndimu 6, tangawizi mbichi ya ukubwa wa kiganja, sukari robo tatu ya kilo, na maji lita 7. Kazi hufanywa tarehe 23, si asubuhi ya sikukuu.

Matunda yote yanaoshwa kwanza kabla ya kumenywa, maana kisu hupitisha uchafu wa ganda hadi ndani. Maganda ya nanasi yaliyooshwa vizuri hayatupwi: yanachemshwa katika zile lita 7 pamoja na tangawizi iliyopondwa, kwa robo saa, hadi maji yawe na rangi ya dhahabu na harufu nzuri. Hapa ndipo hoja ya mkaa inapolainika kidogo, kwa kuwa moto ule ule unachemsha maji na pia unatoa ladha ambayo ingehitaji mananasi mengine mawili. Sukari inatiwa ikiwa bado moto ili iyeyuke yote. Sufuria inafunikwa na kuwekwa ndani ya beseni la maji baridi ipoe upesi. Isifunuliwe kila mara kuonjwa, na atakayeonja asirudishe kijiko.

Maji yakipoa, wenye kushika matunda wananawa mikono kwa sabuni hadi kwenye viwiko. Mwenye kuharisha siku hizo, au aliyeharisha wiki iliyotangulia, apewe kazi ya kupanga viti. Hili lisemwe wazi bila kuoneana aibu. Nyama ya nanasi na embe inasagwa kwa blenda au kutwangwa katika kinu kilichosafishwa kwa maji ya moto. Pasheni na ndimu zinakamuliwa, vyote vinachujwa na kuchanganywa na maji yale ya maganda.

Kugandisha nako kuna akili yake. Ndoo moja kubwa iliyojaa haigandi katikati hata kwa siku mbili, kwa hiyo gawanya katika vyombo vidogo vya lita mbili au tatu vyenye vifuniko. Acha nafasi ya vidole viwili juu, kwa sababu maji yakiganda hupanuka na kupasua chombo. Chupa za kioo zisitumike. Ndoo zilizokuwa na rangi ya nyumba au dawa ya mifugo zisitumike pia, hata zikisuguliwa mara ngapi, na tunajua zimo katika stoo za parokia nyingi. Juisi yenye sukari haigandi ngumu kama maji matupu, inakuwa laini kama theluji, na hiyo ndiyo tunayoitaka. Ukiweza, ikoroge kwa kijiko kilichochemshwa baada ya saa nne, itaganda kwa punje ndogo.

Umeme ukikatika, usifungue friza hovyo. Juisi iliyobaki na mabonge ya barafu na kukaa baridi inaweza kugandishwa tena. Iliyoyeyuka yote na kupata joto, tunawaomba mwimwage, hata kama roho inauma.

Siku yenyewe, toa vyombo saa mbili au tatu kabla ya kunywa, vikiwa vimefungwa katika blanketi au vimewekwa ndani ya deli. Hapa ndipo barafu ya mwaloni inapopata kazi yake halali: iwekwe katika beseni kubwa, na ndoo ya juisi yenye kifuniko ikae katikati ya barafu hiyo. Baridi itapita kwenye plastiki, lakini maji machafu hayatapita. Mama mmoja mwenye mikono safi agawe kwa upawa wenye mpini mrefu. Watoto wasichovye vikombe vyao. Na lile beseni moja la kusuuzia vikombe, ambalo kufikia saa tisa maji yake yana rangi ya chai ya maziwa, tunaliogopa karibu sawa na barafu. Bora kila familia ije na vikombe vyake.

Kuna desturi moja inayotusumbua, ya kumlambisha mtoto mchanga kijiko cha juisi siku ya ubatizo wake ili naye afurahi. Mtoto wa chini ya miezi sita anahitaji maziwa ya mama tu. Wenye kisukari nao wapewe kikombe kidogo, maana tunda lililosagwa lina sukari yake hata kabla hatujaongeza yetu.

Kama pamoja na yote hayo mtu ameanza kuharisha baada ya sherehe, msingoje sikukuu zipite. Kipindupindu huweza kumaliza maji ya mwili na kuua ndani ya saa chache. Mpe ORS tangu choo cha kwanza, mkiwa njiani kuja hospitali. Isipopatikana pakiti, changanya lita moja ya maji safi na vijiko vidogo 6 vya sukari na nusu kijiko kidogo cha chumvi, vijiko vya kusawazisha, na mtoto anayenyonya aendelee kunyonya. Wodi haifungwi tarehe 25. Baadhi yetu tutakuwa zamu usiku ule, na juisi yetu, iliyogandishwa tarehe 23, itakuwa kwenye friza ya jikoni la wafanyakazi.