Marehemu Aliyerudi Campden
Agosti 1660, William Harrison, mzee wa miaka 70, msimamizi wa mali za bibi mmoja mwenye ardhi huko Chipping Campden, Uingereza, alitoka kwa miguu kwenda kukusanya kodi. Hakurudi. Njiani ziliokotwa kofia yake iliyokatwakatwa, kitana, na ukosi wenye damu. Mtumishi wake, John Perry, alipobanwa akasema waliomuua ni mama yake Joan na ndugu yake Richard, naye akiwasaidia. Hapo ndipo ninapokwama: mtu gani hujivisha kitanzi, akamvisha na mama mzazi? Jaji wa kwanza alikataa kusikiliza shtaka la mauaji bila maiti. Mwenzake, mwaka 1661, wala hakusita. Wakanyongwa wote watatu, Joan akitangulizwa, kwani alidhaniwa mchawi aliyewafunga wanawe midomo wasikiri. Mwaka 1662 Harrison akarejea, mzima wa afya, akisimulia kwamba alitekwa, akauzwa utumwani kwa tabibu mmoja karibu na Izmir, Uturuki. Hainiingii akilini. Mtekaji gani mwenye akili zake angemvusha bahari kikongwe wa miaka 70, akitarajia faida sokoni?