Kuiondoa Kesi si Kusamehewa Deni

Umezuka mtindo ambao hauna budi kukemewa. Mwananchi aliyeweka nyumba yake rehani, akafungua kesi kupinga mnada, huendewa na mtu wa kati anayejifanya rafiki wa pande zote mbili. Huambiwa: "Ondoa shauri lako, tutaelewana na benki." Naye, ambaye mara nyingi ni mwalimu au mtumishi wa Serikali, hutia sahihi karatasi ya mistari mitatu. Amepata nini? Neno la mdomo, basi.

Laiti angaliisoma Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1966! Amri ya 23 yasema wazi kwamba anayeondoa shauri bila ruhusa ya mahakama ya kulileta upya, hawezi tena kudai juu ya jambo lile lile, na aweza kutwishwa gharama. Hata akipewa ruhusa, muda wa ukomo huhesabiwa kana kwamba kesi ya kwanza haikupata kufunguliwa. Zuio lililoikinga nyumba nalo hufa siku hiyo hiyo, na dalali huwa huru kupiga nyundo.

Haki zinazotupwa namna hii si ndogo. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 yamtaka mkopeshaji atoe notisi ya siku 60 kabla ya kuuza. Yamtaka pia atafute bei bora inayoweza kupatikana. Na nyumba ikiuzwa chini ya bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, huhesabiwa kwamba amevunja wajibu wake mpaka athibitishe vinginevyo. Nani atamwuliza bei hiyo ikiwa mlalamikaji amekwisha ondoka mahakamani kwa hiari yake?

Lililo baya zaidi ni la mke. Nyumba ya ndoa haiwekwi rehani pasipo ridhaa ya mwenzi; ndivyo kilivyo kifungu cha 114. Mke asiyeulizwa hufungua shauri kwa haki kabisa, kisha mumewe humshurutisha aliondoe ili yeye apate mkopo mwingine. (Wapo pia waume wanaojificha nyuma ya kanga za wake zao baada ya kuzitumia fedha wakijua fika. Hao hatuwatetei.)

Watatokea watakaosema tunawabembeleza wadaiwa sugu. La hasha! Fedha za benki ni akiba za watu, na akiba za walimu zimo. Aliyekopa alipe. Aliyefungua kesi ili kununua miezi tu, na aiondoe leo, asiipotezee mahakama wakati.

Lakini mwenye malalamiko ya kweli asikubali kuyazika barazani. Maafikiano yaandikwe: kiasi gani kitalipwa, kwa tarehe zipi, na mnada utasimamishwa mpaka lini. Pande zote zitie sahihi, hati ipelekwe mahakamani ikasajiliwe kuwa hukumu, jambo ambalo Amri hiyo hiyo ya 23 imeliruhusu. Benki yenye nia safi haina sababu ya kuikwepa kalamu. Ikiikwepa, shauri libaki palepale lilipo, na benki ieleze mbele ya mahakama notisi ilitolewa lini, na nyumba inauzwa kwa shilingi ngapi.