Bucha Wanapima Nyama, Kemisti Hawapimi Mtoto

Wasee, leo sina vichekesho. Leo niko na hasira.

Majuzi usiku, kama saa nne hivi, dadangu alinituma dawa. Mtoto wake alikuwa na wiki tano na mwili ulikuwa unachoma. Nikakimbia hadi kemisti ya kwanza yenye taa karibu na steji ya Kimbo. "Daktari, nipe dawa ya homa ya mtoto." Jamaa hakutoa hata macho kwa simu. Akanipa chupa. "Kijiko kimoja mara tatu." Nikalipa, nikatoka.

Hakuniuliza umri. Hakuniuliza uzito. Na mimi mjuaji wa mtandao, sikusema.

Kilichotuokoa ni jirani, mama wa watoto wanne. Alituona mlangoni na ile chupa, akauliza mtoto ana umri gani. "Wiki tano? Huyo si wa dawa, huyo ni wa hospitali. Sasa hivi!" Tukapanda boda. Ilikuwa ni maambukizi ya mkojo, na mtoto akalazwa siku saba akidungwa sindano. Leo yuko sawa, analia kama spika ya matatu.

Sasa fikiria tungempa ile dawa. Joto lingeshuka, sisi tungelala, na ugonjwa ungeendelea kumla kimyakimya. Ndiyo maana mtoto wa chini ya miezi mitatu akifika nyuzi 38, safari ni ya hospitali, si ya kemisti. Akiwa mdogo hivyo, dawa ya homa hapewi mpaka mhudumu wa afya aseme, kama vile kliniki inavyoweza kukuelekeza baada ya chanjo.

Na hata kwa wakubwa kidogo, hii "kijiko kimoja" ni upuzi. Parasetamo hupimwa kwa kilo: miligramu 10 hadi 15 kwa kila kilo ya mtoto, ukiacha masaa 4 hadi 6 katikati, na isizidi mara 4 kwa siku. Piga hesabu. Mtoto wa kilo 6 anahitaji miligramu 60 hadi 90. Dawa ya maji tuliyoizoea ina miligramu 120 kwa kila mililita 5. Kijiko kimoja kilichojaa tayari kimepita kipimo! Na kuna zile za matone zenye miligramu 100 kwa mililita 1 tu. Ukimpa mililita 5 za hiyo, umempa miligramu 500. Hiyo ni tembe nzima ya mtu mzima. Ukirudia hivyo siku mbili tatu, ini la mtoto ndilo linalipa.

Najua mtanijibu: hospitali ni foleni, pesa hakuna, kemisti ndiye daktari wa mtaa. Sawa kabisa! Ndiyo maana nasema apime. Mtu wa bucha hapa Kimbo hawezi kukuuzia robo ya nyama kwa kukadiria na macho. Utamfokea mbele ya watu. Mbona kwa mtoto tunanyamaza? Mizani ingekaa pale kaunta, na sirinji ndogo ya kupimia ni bei ya chini kuliko soda.

Wengine watasema kosa ni la akina mama. Zii. Mama aliyekesha siku tatu si mfamasia. Anayevaa koti jeupe na kuitikia jina "daktari" ndiye anapaswa kuuliza.

Lakini sisi tunaotumwa pia tuache uzembe. Ukifika kaunta, sema umri na kilo za mtoto. Ziko kwa kile kitabu cha kliniki. Itisha sirinji. Uliza kama ile dawa ya mafua aliyokunywa asubuhi pia ina parasetamo, usije ukampa mara mbili. Aspirini usimpe mtoto kabisa. Usikubali dawa iliyomiminwa kwa chupa isiyo na jina, na boksi usitupe. Aprili 2024 Bodi ya Dawa na Sumu iliagiza toleo moja la sirapu ya kikohozi ya watoto liondolewe sokoni kwa hofu ya sumu. Kama ulitupa boksi na chupa haina maandishi, ungejuaje ni yako?

Na wewe wa kemisti unayesoma hii, sikutaji jina, lakini unajijua. Kesho akija kijana wa kutumwa, weka simu chini na uulize maswali mawili tu: ana umri gani? Ana kilo ngapi? Kama huwezi hayo, fungua bucha. Angalau huko utalazimika kupima.

Mtumie hii yeyote aliye na mtoto mdogo kwa keja.