Cheti kikichelewa, mshindi apoteza kiti India

Katiba ya India, kupitia marekebisho yaliyoanza kutekelezwa Aprili 1993, hutenga viti vya mabaraza ya vijiji kwa matabaka yaliyodhulumiwa na makabila ya asili. Hata hivyo, katika jimbo la Maharashtra cheti cha tabaka pekee hakimtoshi mgombea. Sharti kamati ya uhakiki ikithibitishe, nayo hudai rekodi za shule za baba na hata za babu. Kwa mwana wa kibarua ambaye babu yake hakuliona darasa, hilo si dai dogo.

Sheria ilimruhusu mshindi kuwasilisha uthibitisho huo ndani ya miezi 6. Wapo waliokawia si kwa uzembe, bali kwa sababu faili zao zililala katika kamati hizo hizo. Agosti 2018, Mahakama ya Juu iliamua kwamba muda huo ni wa lazima: ukipita, kiti kimekwenda, hata uthibitisho ukitolewa baadaye.

Majaji hawakukosa hoja, kwani vyeti bandia vimewapokonya wanyonge nafasi zao. Lakini adhabu ilimwangukia mwombaji, huku kamati iliyochelewesha ikisalia salama. Mwaka huo huo, jimbo lilirekebisha sheria na kuongeza muda hadi miezi 12.