Mama Kayai Anastahili Kiti Darasani

Ni ajabu kwamba sisi wanafunzi wa fasihi humwaga wino mwingi kuhusu tamthilia zilizochapishwa, ilhali Mary Khavere, aliyejulikana na Wakenya kama Mama Kayai, hatumtaji hata katika tanbihi. Katika Vitimbi, kipindi cha KBC, alikuwa mke wa Ojwang', mhusika aliyeigizwa na marehemu Benson Wanjau (aliyefariki mwaka wa 2015). Wanjau alikuwa Mkikuyu. Ojwang' wake alikuwa Mjaluo kwa lafudhi na hata kwa hasira. Ufundi huo husifiwa, na ni haki. Lakini ucheshi wa Ojwang' ulihitaji mtu wa kuupokea, kuupinga na kuukatiza. Kazi hiyo ngumu ilikuwa ya Khavere, na aghalabu husahauliwa.

Anayetaka kuupima uzito wa sanaa hii na apite Kibera au Kawangware jioni. Huko Mjaluo, Mluhya, Mkamba na Mnubi huuziana sukuma wiki, hudaiana kodi ya nyumba na hugombana kwa Kiswahili, kila mmoja kwa lafudhi ya kwao. Hicho tunachokiita darasani athari za lugha mama ndicho walichokijengea nyumba Ojwang' na mkewe.

Wahadhiri wetu watukufu, wakubalini watahiniwa wanaotaka kuandika tasnifu kuhusu Vitimbi. Watazamaji wake wa miaka ya 1980 wangali hai mitaani humo. Tuwaulize sasa walicheka nini, na kwa nini.