Kipofu wa Buñuel na Sifa za Wahusika

Sisi tunaofunza fasihi tumezoea kumtaka mwanafunzi aorodheshe sifa za mhusika: mkatili, mchoyo, mnafiki. Akishazitaja tunampa alama zake na kumgeukia mhusika mwingine. Kabla ya kutunga tena swali la aina hiyo, ningependa walimu wenzangu wamtazame Miguel Inclán.

Inclán, mwigizaji wa Meksiko aliyefariki mwaka wa 1956, hakuwa nyota. Katika enzi ya fahari ya sinema ya nchi yake, ushujaa waliachiwa akina Pedro Armendáriz na Pedro Infante. Yeye aghalabu alipewa watu wa kuchukiwa. Katika *María Candelaria* ndiye mwenye duka anayemnyima msichana mgonjwa kwinini iliyotolewa na serikali. Katika *Nosotros los pobres* (1948) ni mvuta bangi anayempiga mwanamke aliyepooza.

Hata hivyo, kazi yake kuu ni *Los olvidados* ya Luis Buñuel, ya mwaka wa 1950. Humo ni Don Carmelo, kipofu anayepiga muziki barabarani, ambaye wahuni wa Jiji la Mexico wanamvurumishia mawe na kuipasua ngoma yake. Mtazamaji humhurumia. Huruma hiyo haidumu, kwani kipofu huyuhuyu humtumikisha mtoto aliyetelekezwa na babake, humvizia msichana mdogo, na huutamani utawala wa kiimla wa Porfirio Díaz uliokwisha kupita. Polisi wanapompiga risasi Jaibo, kiongozi wa wahuni wale, yeye hushangilia. Je, huyu ni mwonevu au mwonewa? Ni yote mawili, wala Inclán hatuchagulii.

Wako watakaosema kwamba sura yake ndiyo iliyomfaa kwa uovu. Basi na waitazame *Salón México* ya Emilio Fernández, iliyoonyeshwa mwaka wa 1949. Humo ni polisi mpole anayempenda mwanamke wa ukumbi wa dansi asimdai chochote. Sura ni ileile! (Sisi wanaisimu tuna kichekesho chetu: katika *Fort Apache* ya John Ford, 1948, Inclán ni Cochise, kiongozi wa Waapache, naye anazungumza Kihispania, Armendáriz akimfasiria.)

Orodha ya sifa haiwezi kumbeba Don Carmelo, na inawafundisha wanafunzi wetu kwamba kila mwovu ni mhusika bapa. Tubadilishe swali. Tumwulize mtahiniwa: ni wapi katika tamthilia hii ulimhurumia mtu usiyempenda, na ni tendo gani lililokufanya uache?