Utitiri Haukai kwa Kuku, Umejificha Bandani

Kuku anayeatamia akiyakimbia mayai yake usiku, wafugaji wa Majengo, mjini Songea, husema kaingiliwa na utitiri, na mara nyingi wanasema kweli. Tatizo ni kinachofuata. Kuku hukamatwa na kuchovywa kwenye ndoo ya dawa ya kuogeshea ng'ombe, au kupakwa dawa ya unga iliyobaki kwenye mahindi ya ghalani. Juma halijaisha, utitiri umerudi, na muuza dawa anatukanwa kwamba kauza feki.

Huenda dawa haina kosa. Utitiri mwekundu, mdudu asiyefika milimita 1, humpanda kuku usiku, hunyonya damu hadi ukashiba, kisha hushuka na kujibanza kwenye nyufa. Ukimkagua kuku saa sita mchana humkuti nao. Penye joto la kutosha, yai huwa utitiri kamili kwa siku 7 hadi 10, na utitiri mzima unaweza kukaa miezi kadhaa bila chakula. Ndiyo maana utitiri wa banda lililobaki tupu baada ya mdondo kufagia kuku wote bado huwashambulia vifaranga wapya usiku wa kwanza. (Viroboto wanaong'ang'ania kwenye kilemba na pembeni mwa macho ni wengine kabisa, hao hawashuki.)

Basi kazi ianzie kwenye mbao. Mabanda mengi ya mjini hujengwa kwa mabanzi yenye magome, na chini ya gome ndipo utitiri unapotagia. Magome yabanduliwe, nyufa zizibwe kwa udongo wa kichuguu au saruji, kuta zipakwe chokaa. Vichanja vya kulalia viwe vya kuchomoka, vimwagiwe maji yanayochemka kila juma hadi utitiri uishe. Matandiko ya viota yachomwe moto. Anayetaka uhakika apitishe kitambaa cheupe chini ya kichanja usiku, akimulika kwa tochi: kikitoka na madoa mekundu, jibu kalipata.

Majivu nayo yana sifa yake, ingawa sifa hiyo imezidishwa. Kuku hujitibu kwa kuoga vumbi, na majivu ni vumbi mojawapo. Mwaka 2012 watafiti wa Chuo Kikuu cha California kilichoko Riverside walichapisha matokeo ya kuwapa kuku masanduku ya vumbi la aina tofauti, na salfa ndiyo iliyofanya kazi vizuri zaidi. Salfa si ngeni hapa mkoani Ruvuma. Wakulima wa korosho wa Tunduru huipuliza dhidi ya ubwiriunga. Lakini utitiri uliochunguzwa kule ni ule unaoishi mwilini mwa kuku muda wote. Kwa huu wa kwenye nyufa, sanduku la vumbi ni msaada tu, na salfa ikizidi huwasha macho na kifua cha kuku na cha mwenye kuku.

Neno "asili" kwenye dawa nalo lisimlaze mtu usingizi. Mwaka 2017 mamilioni ya mayai yaliteketezwa Uholanzi na Ubelgiji baada ya kukutwa na fiproni, sumu isiyoruhusiwa kwa mifugo ya chakula. Ilikuwa imechanganywa kwenye dawa ya utitiri iliyouzwa kama mafuta ya mkaratusi na mentoli. Hata utupa, mmea unaopondwa na kunyunyiziwa bandani, ndio ule ule unaoua samaki mtoni. Ndoo iliyobeba maji yake haioshwi mto Luhira.

Maduka ya pembejeo yangeweza kusaidia kwa gharama ndogo. Kabla ya kumuuzia mteja chupa, muuzaji aulize banda limejengwa kwa vitu gani na mara ya mwisho vichanja vilitolewa nje lini. Wateja wengi wangerudi nyumbani na mfuko wa chokaa, na mayai yao yangeendelea kuliwa bila wasiwasi.